Muulizeni Kabla Hamjala Mahari

Ninawaandikia wazazi wa kambi hii ya Nyarugusu, wazee wa ukoo, wachungaji na mashehe, na pia ninyi mnaokuja asubuhi na magari ya mashirika na kurudi Kasulu jioni. Nina neno moja tu. Binti akiulizwa kama anataka kuolewa wakati mahari imeshapokelewa na kuliwa, huyo hajaulizwa. Amejulishwa. Na kumjulisha mtu mzima kwamba ameshaolewa tusikuite mila. Tukutafutie jina lingine.

Mimi ni mhamasishaji wa vijana. Nina miaka 26, nimezaliwa hapa hapa kambini na sekondari nimemalizia hapa hapa. Kazi yangu ni kukaa na vijana: michezo, maigizo, kikundi cha kushona, mazungumzo ya jioni. Sina shahada ya chuo. Lakini wasichana wananiita dada, na wananiambia mambo ambayo ofisini hawayasemi na nyumbani hawathubutu kuyasema. Miaka miwili hii, jambo ninalolisikia kuliko mengine yote ni hili la kupewa mume kwa simu.

Nieleze kisa kimoja. Jina sitaji wala zoni sitaji, maana huku tunajuana. Ni dada wa miaka 21. Kwa miaka mitatu amependana na kijana mmoja fundi cherehani. Hayakuwa mapenzi ya kujificha. Kijana alikwenda na baba yake mdogo wakabisha hodi kwa adabu, na sukari mkononi. Baba wa binti hakuwafukuza. Aliwaambia wasubiri, eti kesi ya familia ya kwenda nje iko mbioni, asije mtu akachanganya karatasi. Kijana akasubiri. Alisubiri mwaka, akasubiri wa pili.

Halafu ikaja simu kutoka Marekani. Anayeposa ni mtu wa kwetu Fizi, amemzidi dada yetu miaka kumi na sita, aliondoka hapa kambini zamani kidogo. Alikuwa ametumiwa picha. Ndugu zake wakaja jioni moja, wakazungumza na wanaume wa nyumbani, nusu ya mahari ikaingia kwenye simu ya jirani. Baba akapokea. Sehemu ililipa deni la duka, sehemu ikanunua dawa za mdogo wao na unga, sehemu akapewa kaka mtu aanzishe biashara. Siku ya tatu ndipo mama akamwita bintiye jikoni: "Mwanangu, tumekupatia mtu. Eko Amerika, eko na karatasi, eko na kazi. Unataka nini tena?"

Hilo "unataka nini tena" ndilo swali pekee ambalo dada huyu ameulizwa mpaka leo.

Sherehe ya kumalizia mahari imepangwa mwezi ujao. Bwana mwenyewe hatakuja. Mdogo wake atasimama badala yake, na picha yake itakuwa kwenye simu juu ya meza, karibu na keki.

Sasa nianze na lile linalosemwa kwanza kila ninapofungua mdomo: "Ni mila yetu, wewe mutoto wa kambini unajua nini?"

Ni kweli, mimi ni mtoto wa kambini. Kwa hiyo nilikwenda kumuuliza bibi yangu, ambaye si wa kambini. Yeye aliolewa Fizi, zamani kabla ya vita hivi, kwa mbuzi waliohesabiwa mmoja mmoja uani. Nilimuuliza: bibi, wewe ulichaguliwa au ulichagua? Akanicheka kwanza. Halafu akaniambia kwamba wazee ndio walioanza maneno, lakini kabla hata mbuzi mmoja hajafungwa kamba, shangazi yake alimchukua wakaenda shambani wao wawili tu. Huko wakalima mpaka jua likawa kali, wakapumzika, ndipo shangazi akauliza. Umemwona mtu huyu? Unamtaka? Kuna mwingine? Akamwambia: "Sema sasa, maana mbuzi wakishafika hata mimi sitaweza kukusaidia." Na siku yenyewe, mbuzi wakiwa nje, akaitwa mbele ya watu wote akaulizwa: tupokee?

Bibi hakunidanganya kwamba zamani ilikuwa pepo. Alinitajia wasichana waliopigwa mpaka wakasema ndiyo. Alinitajia mmoja aliyerudi nyumbani mara tatu, na mara tatu akarudishwa kwa mume. Yalikuwepo. Lakini angalieni jinsi mambo yalivyopangwa. Kulikuwa na mtu maalumu ambaye kazi yake ni kuuliza. Kulikuwa na mahali pa kuulizia ambapo baba hayupo. Kulikuwa na wakati wa kuuliza, na wakati huo ulikuwa kabla. Na binti akikataa, mbuzi walirudi walikotoka kwa miguu yao wenyewe. Pesa ya simu iliyokwisha kuwa unga na dawa hairudi kwa miguu.

Swali la "tupokee?" bado tunalo kwenye sherehe zetu, wote tumeliona. Binti anatolewa ndani amefunikwa kitenge, msherehesaji anamwinamia na kipaza sauti: tupokee au tusipokee? Binti anasema kwa sauti ndogo mpokee, vigelegele vinapigwa, watu wanacheka, wapiga picha wanasogea. Vizuri sana. Lakini huyu dada yetu atakapoulizwa hivyo mwezi ujao, nusu ya mahari itakuwa imeshaliwa miezi mitano. Akisema msipokee, baba yake atapata wapi pesa ya kurudisha? Atasimama wapi mbele ya wakwe? Swali lenyewe limebaki lakini tumelihamisha kutoka mahali pake, na swali lililohamishwa baada ya jibu ni igizo. Mimi nafundisha maigizo, nalijua igizo nikiliona.

Kwa hiyo wazee wangu, anayeharibu mila si binti anayetaka kuulizwa. Mila ilimuuliza. Ni vita na kambi vilivyoondoa swali. Shangazi aliyekuwa aulize yuko wapi? Wa dada huyu wako wawili: mmoja alikimbilia Uganda, yuko Nakivale, mwingine alipata safari yuko Marekani. Hakuna aliyewapigia simu. Simu ilipigwa kwa mwenye pesa tu. Shamba la kwenda kuzungumzia hakuna, nyumba zimebanana, ukisema kitu jirani anajibu. Kambi imetunyang'anya mengi, hilo nalikubali. Lakini kile kilichobaki, yaani mahari, tumekishika kwa mikono miwili, na kile kilichomlinda binti tumekiacha kianguke njiani. Halafu tunasema tumehifadhi mila.

La pili wanalosema: "Ni kwa faida yake. Ataondoka hapa, atasaidia na wadogo zake."

Hapo nataka tuzungumze taratibu, kwa sababu watu wengi wanatoa mabinti zao kwa ajili ya safari ambayo hawajaijua masharti yake. Mkimbizi aliyepokelewa Marekani anaweza kumwombea mke wake amfuate, na ombi hilo analipeleka ndani ya miaka 2 tangu afike. Lakini mke huyo lazima awe alikuwa mke wake tayari kabla yeye hajaingia nchi ile. Aliyeoa baada ya kufika hana njia hiyo. Njia yake ni nyingine na ni ndefu: kwanza apate ukaazi wa kudumu, ambao mkimbizi anauomba baada ya mwaka 1, au uraia, ambao kwa kawaida anaweza kuuomba akishakaa miaka 5. Akiwa na kimojawapo ndipo amwombee mke, na kila ombi lina foleni yake.

Si hayo tu. Sheria yao ya uhamiaji haikubali ndoa iliyofungwa wakati bwana na bibi hawakuwa pamoja, mpaka wawe wamekutana baada ya hapo kama mume na mke. Na raia wa kule akitaka kumpeleka mchumba badala ya mke, anatakiwa awe ameonana naye uso kwa uso ndani ya miaka 2 kabla ya ombi, isipokuwa apewe msamaha maalumu. Kwa hiyo ile picha ya juu ya meza karibu na keki, kwenye ofisi ya Marekani si ndoa. Kwetu sisi binti ni mke wa mtu, hawezi kuangalia kushoto wala kulia. Kwao hajawa mke bado.

Halafu mnajua wenyewe kilichotokea Januari 2025, serikali ya Marekani iliposimamisha mpango wa kupokea wakimbizi. Watu waliokuwa wameshafanya vipimo, wameshauza vyombo vyao, walibaki hapa hapa wakianza kutafuta sufuria upya. Kama safari ya aliyesubiri miaka kumi na mitano inaweza kusimama kwa siku moja, nani atamhakikishia baba kwamba mkwe wa kwenye simu atamvusha binti yake?

Sisemi kila mwanaume wa Marekani ni mwongo. Wako waliokuja mpaka huku, wakaomba kibali, wakakaa na mchumba wakazungumza, wakaoa kwa heshima, na leo wana watoto. Hao wapewe haki yao. Ninachouliza ni hiki: ndugu wa bwana walipokuja jioni ile, nani aliwauliza mtu wao ana karatasi gani? Atafungua ombi gani, na lini? Hakuna. Waliulizwa kiasi tu. Tunanunua cherehani kwa maswali mengi kuliko hayo.

Ninawafahamu wasichana walioolewa hivyo na mpaka leo wako hapa. Mwaka wa kwanza simu zilikuja kila siku, wa pili kila Jumapili, wa tatu kimya. Hawajaachwa, hawajachukuliwa. Akitokea kijana mwingine, familia inasema binti ana mahari ya watu. Rafiki zao wameshapata watoto wawili, wao wanahesabiwa ni wake na usiku wanalala na mama zao. Hiyo faida mnayoisema, kwao imekuwa hiyo.

La tatu: "Mapenzi hayaliwi. Huyo fundi wako atamlisha nini?"

Hili silichukulii kwa mzaha, kwa sababu njaa ya hapa naijua kwa tumbo langu. Mwaka 2023 mgao wa WFP ulishushwa hadi nusu ya kiasi kinachotakiwa. Kutoka nje ya kambi bila kibali ni kosa. Shamba hatuna. Baba wa dada huyu hauzi watoto, ni mtu aliyebanwa pande zote, mwenye mtoto mgonjwa na deni la duka lililoandikwa kwenye daftari ambalo kila mtu zoni nzima amelisoma. Ningekuwa na hasira naye ningeandika maneno mengine. Sina hasira naye.

Lakini njaa inanieleza kwa nini alipokea pesa. Hainielezi kwa nini hakuuliza. Kuuliza hakuhitaji mgao. Kuuliza ni bure.

Na tukitaka kuhesabu, tuhesabu basi. Nilikaa na dada yetu tukaandika kwenye karatasi pesa ile ilikokwenda. Deni la duka: lilikwisha, na sasa limeanza jingine. Unga na dawa: vimekwisha. Biashara ya kaka: ilikufa mwezi wa pili. Yote kwa jumla ilikaa nyumbani chini ya miezi minne. Ndoa anayopelekwa haina miezi minne, ni ya maisha yake yote. Huyo fundi anayedharauliwa anashona sare, anabana suruali, anaweka zipu, na kila siku ana kitu kidogo cha kupeleka kwao. Ni kidogo, ndiyo. Lakini kinaonekana kwa macho, na yeye pia anaonekana kwa macho.

Hapa niseme na ninyi vijana wenzangu, msije mkapiga makofi mkadhani nimewatetea. Wengi wenu neno mapenzi mmelifanya mlango wa nyuma. Unamwambia msichana unampenda, kwao hujabisha hodi, shangazi yako hakujui unakokwenda, na akipata mimba unahamia zoni nyingine kwa mjomba. Huyo hana haki ya kulalamika kwamba wazazi wanapenda pesa. Mapenzi ya kweli yana miguu, yanakwenda mpaka kwenye mlango wa baba mtu mchana watu wakiona. Ninamtetea fundi huyu kwa sababu alikwenda. Alijibiwa asubiri, akasubiri, na kwa adabu yake hiyo hiyo akapitwa na mtu ambaye hata kukanyaga ua ule hajakanyaga.

Na wazazi, mnalalamika kila mkutano kwamba siku hizi wasichana wanatoroshwa. Mnajua kwa nini? Mmewafundisha wenyewe kwamba anayebisha hodi anawekwa benchi na anayetoroka na msichana anaitwa baada ya wiki mbili kulipa faini, mambo yanakwisha. Kijana mwenye akili atachagua lipi? Kila mahari inayopokelewa bila binti kuulizwa inatengeneza utoro mwingine zoni ya jirani. Huyu dada amekataa kutoroka. Wenzake wamemshauri, amekataa. Aliniambia: "Mimi nataka mama anisindikize. Nataka nitoke nyumbani mlango wa mbele." Mtoto wa namna hiyo ndiye mnayemwita mkaidi?

Sasa nigeukie mashirika. Najua mnasoma, kwa sababu nakala za jarida hili huwa nazikuta juu ya meza zenu.

Kampeni zenu dhidi ya ndoa za utotoni ni nzuri na zimesaidia, nimezifanyia kazi mwenyewe, nimebeba mabango. Na haki iko upande wenu: mwaka 2016 Mahakama Kuu ya Tanzania ilisema vifungu vya Sheria ya Ndoa ya 1971 vinavyoruhusu msichana wa miaka 14 au 15 kuolewa vinapingana na Katiba, na mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ikakubali hivyo hivyo. Lakini mmefanya miaka 18 kuwa kama ukuta. Chini ya 18 mna fomu, mna gari, mna mshauri. Juu ya 18 mna samahani. Dada yetu alikwenda kwenye ofisi moja, akakaa kwenye benchi tangu asubuhi. Alipoingia akaulizwa umri. Akasema 21. Akaambiwa: basi wewe ni mtu mzima, hili ni jambo la familia, kaeni mzungumze. Na aliyekuwa anatafsiri maneno hayo ni mtu anayesali kanisa moja na baba yake. Jioni nyumbani walishajua alikokwenda.

Hebu fikirini. Mtu mzima ndiye mwenye haki ya kuchagua kuliko wote, halafu kwenu utu uzima wake unakuwa sababu ya kumfungia mlango. Sheria ile ile ya 1971 haisemi ridhaa ni ya watoto. Inasema hakuna ndoa bila ridhaa ya hiari ya kila mmoja wa wanaooana. Inasema pia kwamba ndoa iliyotimiza mengine yote ni halali hata kama desturi za mahari hazikufuatwa. Kule kwetu Kongo, sheria ya tarehe 20 Julai 2006 inamwadhibu mzazi au mlezi anayemlazimisha mtu kuolewa, na inasema wazi awe mdogo au awe mtu mzima: kifungo cha mwaka 1 hadi 12. Na Tangazo la Haki za Binadamu la 1948, ambalo mnalibandika ukutani, linasema ndoa ni kwa hiari kamili ya wote wawili. Siandiki haya ili baba wa mtu apelekwe jela. Nani atawalisha wadogo zake? Naandika ili asije mtu akaniambia kwamba binti wa miaka 21 hana pa kusimama. Anapo, ninyi ndio mmekalia kiti.

Kuna na jambo lingine ambalo mnaweza kulimaliza kwa siku moja. Huku kuna maneno yanayozunguka kwamba mtoto akiolewa kambini kesi ya familia nzima inakufa. Kwa sababu ya maneno hayo fundi aliambiwa asubiri. Kwa sababu ya maneno hayo kuna watu wamezaa watoto watatu na bado kwenye karatasi wanaandikwa kila mmoja na wazazi wake. Ndoa ikiingia kwenye faili inaweza kuchelewesha, hilo tunalielewa, mtu mpya lazima aandikishwe na ahojiwe. Lakini kuchelewa na kufa si kitu kimoja. Kwa nini hakuna anayesimama kwenye mkutano wa zoni, kwa Kiswahili cha kueleweka, akaeleza kinachotokea hatua kwa hatua? Mkikaa kimya, madalali wanaeleza badala yenu, na madalali hawaelezi bure.

Nimelaumu vya kutosha. Niseme tufanye nini, maana mhamasishaji anayelaumu tu mshahara wake wa nini.

Kwanza, shangazi arudi kazini. Kabla ya shilingi moja kupokelewa, binti achague mwanamke mmoja anayemwamini, awe shangazi wa damu, mama mdogo, jirani au mama wa kanisa. Huyo akae naye peke yao, nje ya nyumba. Kama shangazi yuko Nakivale au Marekani, simu zipo. Kama simu inaweza kuleta mahari, inaweza kuleta na shangazi. Jibu atakalolitoa shangazi ndilo wazee walipokee, bila kumwita binti kumkemea.

Pili, mahari ikifika isiliwe. Ikae kwa mzee mmoja anayekubaliwa na pande zote, iandikwe, mashahidi watie sahihi, mpaka binti ajibu na mpaka bwana mwenyewe aonekane. Najua ni vigumu kukaa na njaa huku pesa iko kwa mzee wa jirani. Lakini pesa hiyo si yetu mpaka yeye aseme ndiyo.

Tatu, anayeposa kutoka nje azungumze na binti mwenyewe, si mara moja, na aseme ana karatasi gani na atafungua ombi gani. Asiyeweza kueleza asubiri nje kama fundi alivyosubirishwa.

Nne, wachungaji na mashehe, msiombee picha. Mmekataa kuwafungisha ndoa watu kwa sababu hawakumaliza mafundisho. Kataeni na hii. Mkikataa ninyi watatu wanne, zoni nzima itafikiri.

Tano, kuhusu kurudisha mahari iliyokwisha kuliwa. Hapo ndipo wasichana wengi wanafungwa: "rudisha pesa ya watu ndipo uwe huru." Ndugu zetu walioko Uganda wanaishi chini ya uamuzi wa Mahakama ya Juu ya nchi ile wa mwaka 2015: haikufuta mahari, lakini ilisema kudai irudishwe pale ndoa inapovunjika ni kinyume cha Katiba. Najua kwamba hapa si Uganda, na najua kwamba ndoa ya dada yetu haijafungwa bado. Lakini akili yake tunaweza kuiazima. Deni ni la aliyepokea, alipe kidogo kidogo, waandikishane na wale ndugu. Binti asiwe ndiyo rehani.

Wapo watakaosema kwamba nimeandika haya kwa sababu sijaolewa, au kwa sababu mashirika yamenilisha maneno. Semeni. Bibi yangu hajawahi kufanya kazi na shirika lolote, na maneno makubwa ya makala hii ni ya kwake.

Na sasa niseme na baba mmoja tu, ambaye akisoma hapa atajijua. Mzee wangu, shikamoo. Nimekula nyumbani kwako mara nyingi. Sikukuandikia ili nikuaibishe, ndiyo maana jina lako halimo. Mwezi ujao haujafika. Nusu ya pili ya mahari haijaingia. Kuna jioni kama ishirini hivi bado, na jioni moja inatosha. Mpigie simu dada yako wa Nakivale, mpe binti simu, halafu wewe toka nje ukae na wanaume wenzako mpaka wamalize. Ukirudi, sikiliza jibu na ulibebe kama lilivyo. Akisema anamtaka bwana wa Marekani, mimi nitakuja kuosha masufuria siku ya sherehe na sitasema neno. Akisema anamtaka fundi, au hamtaki yeyote kwa sasa, tutakaa pamoja tuone deni linalipwaje.

Watu wananiuliza dada huyu amenijibu nini nilipomuuliza mimi. Sitaliandika. Jibu ni lake, na mimi si shangazi yake. Muulizeni yeye.